Likizo ya miezi sita iliyotaka kunila miaka tisa

Nianze na hesabu yenyewe ndo nieleze. Mpaka mwisho wa 2024 mi na mama watoto tulikuwa tumeshapeleka benki milioni 71 na laki 7, kwa mkopo wa nyumba wa milioni 60, na salio likawa bado milioni 45 na laki 6 na ushee. Ukisoma haraka unaweza kusema hawa wameibiwa. Hatujaibiwa, kila shilingi imo kwenye mkataba na sahihi zetu zipo kila ukurasa, tatizo ni kwamba tulisaini kitu ambacho hatukukipigia hesabu, sisi tuliangalia rejesho la mwezi tu tukaona tunaliweza.

Ilikuwa 2018. Tumepanga Sakina hapa Arusha, vyumba viwili na sebule, laki tatu kwa mwezi, mwenye nyumba anataka ya miezi sita kwa mpigo na ikikaribia kuisha anakuja kukaa sebuleni kwako anakunywa chai taratibu ndo anakwambia mwaka huu vitu vimepanda. Mi nipo ofisi ya utalii upande wa buking, mwenzangu nesi. Watoto wawili. Nikasikia kuna nyumba inauzwa Moshono, vyumba vitatu, imeshapauliwa, ina umeme na maji na cha muhimu ina hati, maana benki ukiwapelekea karatasi ya mauziano ya serikali ya mtaa wanakurudishia wakicheka. Muuzaji anataka milioni 75. Benki wakasema weka asilimia 20 na sisi tutaweka iliyobaki, yani milioni 15 yetu, 60 yao. Hiyo 15 ilikuwa akiba ya miaka sita pamoja na hela ya ng'ombe wawili wa mzee wangu kule Kibosho, na mzee hakuuza kwa furaha, nataka hilo lijulikane.

Afisa mikopo alikuwa kijana mstaarabu sana, sina ubaya naye hata leo. Akabonyeza bonyeza kompyuta akageuza kioo upande wetu akasema, "Kaka, riba asilimia 17, miaka 15, rejesho lako ni 923,402 tu."

Hiyo "tu" ndo ilitumaliza. Mishahara yetu miwili ikiingia mkononi ni kama milioni 2 na laki 3 na nusu, nikatoa kichwani, nikaona inabaki ya kula na ada, alafu nikajiambia laki tatu nilikuwa naitupa kwa mwenye nyumba hata hivyo, so kimsingi naongeza laki sita na kitu napata nyumba yangu. Hesabu ya namna hiyo nadhani ndo kila mtu anaipiga, na si ya uongo, ila imekaa kwenye mwezi mmoja wakati mkopo una miezi 180.

Kabla ya funguo kuna gharama ambazo hazikuwa kwenye ile kompyuta. Ada ya benki asilimia moja ya mkopo, laki sita hiyo, mthamini wa kuja kuipima nyumba, wakili, ushuru wa stempu, kusajili rehani, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji ambazo zinarudi kila mwaka sio mara moja. Muuzaji naye akataka tumchangie kodi ya ongezeko la mtaji, ile asilimia 10 ya faida, ambayo kisheria ni ya kwake, hapo nilikataa kabisa tukaviziana wiki mbili. Kwa ujumla ilikaribia milioni tatu imeondoka na bado nipo Sakina.

Siku ya kusaini mama watoto alilazimika kuja, maana kwa Sheria ya Ardhi ya 1999 nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenza. Alitokea zamu ya usiku, macho mekundu. Wakili akasoma, akasoma, akafika mwisho akauliza kuna swali, mi nikasema hakuna, yeye akasema lipo. "Mpaka tunamaliza tutakuwa tumelipa shilingi ngapi jumla?" Yule kijana akasema, "Mama, hiyo inategemea, riba inaweza kubadilika huko mbele." Ambayo ni kweli, kifungu kipo. Mama watoto akataka kuuliza tena, na mimi hapa, mwanaume mwenye akili zangu, nikamkanyaga mguu chini ya meza ili asitucheleweshee funguo. Mpaka leo nikikosea kitu nyumbani ananiambia, haya nikanyage.

Mwaka wa kwanza raha. Tumepaka rangi, tumepanda parachichi, mzee kashuka kutoka Kibosho kaja kuzunguka nyumba anagonga kuta na kifundo cha kidole. Septemba 2019 nikafuata stetimenti benki kwa shughuli nyingine kabisa, nikakuta salio 59,047,198. Nikasema hawa watu wamekosea. Nimelipa mara kumi na mbili, milioni 11 na elfu themanini, deni limepungua laki tisa na nusu?

Nikarudi kwa yule kijana nikiwa na moto. Hakubishana, akanitolea ratiba ya marejesho, kurasa nne zimebanwa na pini, akasema kaka hii tulikupa. Na kweli walinipa, ilikuwa nyumbani kwenye bahasha chini ya vyeti vya watoto haijafunguliwa hata siku moja. Mstari wa kwanza wa ile ratiba ndo somo zima: rejesho 923,402, riba 850,000, kilichopunguza deni 73,402. Na wala sio uchawi, asilimia 17 ya milioni 60 ni milioni 10 na laki mbili kwa mwaka, gawa kwa 12 unapata laki nane na nusu, mtoto wa darasa la saba anaitoa. Riba inachukua kwanza cha kwake, kinachobaki ndo kinapunguza deni, mwezi unaofuata riba inapigwa kwenye deni lililobaki, ambalo halijapungua kitu, basi mnaenda hivyo kama punda wa kisima. Nikashuka na kidole mpaka ilipo nusu, milioni 30, nikaikuta rejesho la 137. Mwaka wa kumi na mbili! Chini kabisa kurasa ya nne ndo jibu la swali la mama watoto: jumla milioni 166 na laki mbili.

Nyumba ya milioni 75. Ongeza ile 15 yetu, hapo ni milioni 181 na bado sijaweka bima.

Usiku ule nilikaa na laptopu ya ofisini nikawa nabadilisha miaka tu. Kama ningechukua miaka 10 badala ya 15, rejesho lingekuwa 1,042,786, yani laki moja na elfu kumi na tisa zaidi kwa mwezi, na jumla ingekuwa milioni 125. Milioni 41 zinapotea kwa sababu ya laki moja na ishirini, ambayo nikiwa mkweli nilikuwa naimaliza kwenye nyama choma na vocha. Nikajaribu miaka 20 ambayo yule kijana pia alituambia inawezekana: rejesho linashuka elfu 43 tu, jumla inapanda mpaka milioni 211. Elfu 43! Sijui kwa nini watu huwa tunafikiri muda mrefu ni huruma ya benki.

(Nikiwa kwenye hizo hesabu chalii mmoja ofisini akanicheka, kwamba mi nalipa 17 wakati yeye kapata sehemu kwa 12. Tukaangalia karatasi yake, kumbe ni flati, riba inapigwa kwenye mkopo wa mwanzo mpaka siku ya mwisho hata kama umebakiza laki moja. Tukaiweka kwenye mkopo wangu tuone: milioni saba na laki mbili kila mwaka kwa miaka 15, jumla unarudisha milioni 168. Yani 12 ya kwake ingenizidi 17 yangu. Akaacha kucheka, tukaenda kunywa chai.)

Sasa hapo nilikuwa nimeshaelewa, nikajua tumepigwa na ujinga wetu lakini tunalipa. Ndo ikaja korona.

Anayeishi Arusha hahitaji kuelezwa Machi 2020. Buking za msimu mzima zinafutwa kwa siku tatu, mi ndo nazifuta kwa mkono wangu, wageni wanaomba hela zao, Aprili ndege za nje zikasimamishwa, uwanja wa KIA ukawa kimya unasikia mpaka ndege wenye manyoya. Bosi akatuita akasema hatufukuzi mtu ila mshahara ni nusu. Tukaomba benki itulegezee, mwezi wa tano Benki Kuu ikatoa nafasi kwa mabenki kupanga upya mikopo ya watu walioumizwa na hali ile, tukapewa miezi sita kuhesabia Aprili bila kulipa. Nakumbuka nilipiga magoti kabisa kushukuru. Mama watoto alikuwa anapiga zamu za ziada, mi naamka saa tisa usiku nashusha ndizi kutoka Kibosho naleta soko la Kilombero, nikavunjika mgongo lakini tulikula.

Oktoba barua ikaja. Inasema salio jipya ni 63,659,566, rejesho lako linabaki lilelile 923,402, muda mpya miezi 267. Nikamwambia mama watoto afadhali, hawajaongeza rejesho. Umeona kichwa changu kilivyo? Baada ya yote yale bado macho yangu yalikimbilia rejesho.

Yeye hakunijibu. Akachukua simu yake akafungua kikokotozi pale pale mezani, akaandika 63,659,566 mara 17 gawa 100 gawa 12, akanionyesha: 901,844. Akatoa kwenye rejesho. Ikabaki 21,558.

"Baba watoto, hapa kwenye laki tisa sisi tunalipa deni elfu ishirini na moja. Hela ya kujaza mtungi mdogo wa gesi."

Nikahisi baridi mgongoni, sitanii. Tulikuwa tumelipa marejesho 18, milioni 16 na laki sita, tukapumzika miezi sita, na sasa tunadaiwa zaidi ya tulichokopa. Maana ile likizo ilikuwa ya kwetu sisi, riba yenyewe haikwenda likizo, kila mwezi ilikuwa inaingia inakaa juu ya deni na mwezi unaofuata nayo inazaa. Tulikuwa tumebakiza miezi 162 sasa ni 267, miezi sita ya kupumua imezaa miezi 105 ya kulipa, karibu miaka tisa. Nilikuwa na miaka 38. Ningemaliza nikiwa na 60. Njia ya pili kwenye barua ilikuwa kubaki na muda wetu wa zamani na rejesho lipande mpaka milioni moja na elfu tano hivi, na kwa nusu mshahara hiyo ilikuwa ndoto.

Sisemi watu wasiombe kulegezewa. Tusingeomba tungeuziwa nyumba na dalali na nyundo yake. Nasema tu kwamba wakati ule hata mia moja moja ambayo ningeweza kupeleka ningeipeleka, hata ya riba peke yake, ili deni lisinenepe. Hakuna aliyeniambia naruhusiwa na mi sikuuliza.

Mama watoto ndo alisema gari liuzwe. Tulikuwa na IST, namba D, naipenda kama mtoto wa tatu. Nikabisha siku nne. Nikamwambia milioni nane kwenye deni la 63 ni sawa na kutemea mate baharini. Akasema weka kwenye ile laptopu yako. Nikaweka. Miezi 267 ikageuka 137. Nikafuta nikaweka upya. 137. Nikadhani fomula imeharibika nikaipiga kwa mkono kwenye daftari mstari kwa mstari miaka miwili ya mwanzo, ikawa inaenda vilevile. Milioni nane inafuta miezi 130, ambayo ukiizidisha kwa rejesho ni milioni 120.

Ilinichukua muda kuelewa kwa nini, ila ukiiona ni rahisi. Ile milioni nane ilikuwa inazaa riba ya 113,333 kila mwezi. Ukiitoa kwenye deni na rejesho likabaki palepale, hiyo laki na elfu kumi na tatu inahama upande, inaacha kuwa riba inakuwa deni linalopungua. Kwa hiyo kutoka elfu 21 kwa mwezi tukaanza kupunguza deni kwa 134,000 na kitu, mara sita na zaidi, kwa rejesho lilelile. Ndo maana hela inayoingia mapema ina nguvu za ajabu, na ileile ukiileta mwaka wa mwisho haina kazi kubwa.

Ila kupeleka hela benki si kuidondosha kaunta. Hapa nilikuwa nimeshajifunza kuuliza. Mara ya kwanza afisa (mwingine, yule kijana alikuwa kahamishwa) akataka milioni nane ikae kwenye akaunti iwe inakata marejesho ya mbele, yani ningekuwa nimelipia miezi minane na nusu alafu narudi palepale. Nikasema hapana. Akasema basi tupunguze rejesho lako upate unafuu kaka. Hapana pia. Tukaandika barua, mama watoto ndo aliiandika kwa mkono wake: fedha hii ipunguze deni la msingi, rejesho libaki 923,402, muda upungue, na tunaomba ratiba mpya yenye mhuri. Nikasoma na kifungu cha kulipa kabla ya wakati, kwetu hakikuwa na tozo kama hujavuka asilimia 20 ya salio, ila mikataba haifanani, wa kwako usome mwenyewe. Ratiba mpya ilikuja baada ya wiki tatu na safari nne. Mwisho wake Februari 2032. Ule mkopo wa mwanzo ulikuwa uishe Septemba 2033, kwa hiyo tulitoka kwenye shimo tukapitiliza kidogo.

Desemba tukapanda Kibosho kwa basi mpaka Moshi mjini alafu Hiace, watoto mapajani, mfuko wa sukari miguuni. Mnaojua Uchagani Desemba mnajua gari ni nini. Baba mdogo akasubiri watu wajae ndo akauliza kwa sauti, "Mwanangu, kile kigari chako kimekufa?" Nikawa natafuta uongo, mke wangu akanitangulia. "Hakijafa baba mdogo, tumekibadilisha kwa miaka kumi." Akauliza miaka ya nini. Akamwambia, "Ya mwanao kulala." Mzee wangu akacheka mpaka akaweka kibuyu chini, nafikiri ndo siku alinisamehe wale ng'ombe.

Tangu hapo hatujaweza kuongeza kingine cha maana, mshahara ulirudi kamili 2021 katikati lakini ada nazo zimekua na watoto. Kodi ya jengo inakatwa kwenye LUKU ya umeme, ilianza elfu moja kwa mwezi sasa 1,500, hiyo haiumi. Bima zinauma kila Septemba. Riba yetu kwa bahati haijaguswa. Watu wananiuliza bora ningenunua kiwanja nijenge mdogo mdogo kama wenzangu, labda, ila ninao rafiki wana maboma yamesimama bila bati mwaka wa tisa huku wanalipa kodi kwingine, na hiyo nayo ni gharama sema haina stetimenti. Mi nyumba siijutii. Naujutia ule mguu chini ya meza.

Juzi juzi dogo mmoja wa ofisini kaja na fomu za mkopo wa nyumba anataka nimshauri, kalipigia mstari rejesho. Nikamuuliza jumla ngapi, akasema hajui, nikamwambia rudi wakuandikie, na wakuandikie ya miaka 10 na ya 15 kwenye karatasi moja. Hajarudi bado, sijui kama kaenda kuuliza au kaenda kusaini.

Ratiba yetu ipo ndani ya mlango wa kabati la vyombo, mama watoto anakata mstari kila rejesho likitoka. Kazungushia duara nyekundu Februari 2028, ndo mwezi ambao kwa mara ya kwanza zaidi ya nusu ya rejesho itakwenda kwenye deni. Mpaka wakati huo nipo kwenye kifodi, daladala zetu za huku, siti ya nyuma, dirisha halifunguki.